Maswali Yenu: Vijana wa Pangoni, Dhahabu ya Vitabuni na Meno ya Mtawa

Toleo lililopita, nilipokuwa nikieleza namna ya kujalidi upya msahafu uliolegea nyuzi, niligusia kwa sentensi moja tu kwamba Wakristo wa zama za kati nao waliandika visa vya watakatifu wao kwa mkono, juu ya ngozi, wakavipamba kwa picha na dhahabu. Sentensi hiyo imeniletea barua nyingi kuliko makala nzima. Zimetoka Wete, Chake, Mkoani, Mbweni na hapa hapa Mji Mkongwe. Nimezisoma zote kwa furaha, maana vitabu hivi nimevipenda tangu ujana wangu na sikupata kuvizungumza kwa kituo. Mwezi huu basi nafasi yote ni yao.

*

Assalaam aleykum Maalim. Ami yangu ni baharia, karudi na kalenda kutoka Italia. Ukurasa wa Oktoba una picha ya vijana waliolala kwa kurundikana ndani ya pango jeusi, mlima umewazunguka, na mbingu yote ni dhahabu. Nimewahesabu, ni saba. Chini pameandikwa "Vat. gr. 1613". Bibi yangu alipoiona alisema, "Hawa si As'habu l-Kahf hawa?" Ami akamjibu haiwezekani, kalenda ni ya kanisa. Nani mkweli? (Mwanafunzi wa kidato cha tatu, Wete)

Waaleykumu salaam, mwanangu. Ndio wao, watu wa pangoni wa Suratul Kahf. Mpelekee bibi yako salamu zangu na umwambie jicho lake halikukosea. Ami naye kasema kweli kuhusu kalenda, kwani picha imetoka katika kitabu cha kanisa. Yote mawili yanasimama pamoja.

Kitabu chenyewe kiko Roma, katika maktaba ya Vatican, na maandishi yale uliyoyaona ni namba yake miongoni mwa vitabu vya Kigiriki. Kilitengenezwa karibu na mwaka 1000 huko Constantinople, ambayo leo ni Istanbul, kwa ajili ya Mfalme Basil wa Pili. Huyu alitawala kuanzia 976 hadi 1025 ile dola ambayo Waarabu waliiita Rum, na ambayo sisi tunaijua kwa sura yenye jina hilo hilo. Kitabu kinafuata kalenda: kila mtakatifu ana siku yake, na kila siku ina ukurasa wake au kurasa zake. Mwaka wao ulianza tarehe 1 Septemba, na kitabu hiki kinafika Februari tu. Hata hivyo kina picha 430.

Nusu ya ukurasa ni picha, nusu ni maandishi, na maandishi ni mistari 16. Haizidi. Mtu awe aliishi jangwani mpaka ndevu zikafika magotini, au awe kijana aliyeuawa siku ya pili ya kuamini, atapewa mistari 16 ile ile. Mwandishi ilimbidi kila mara aamue kipi kibaki na kipi kiachwe. Nami nikikaa mezani na kalamu nikaanza kulalamika kwamba mhariri kanipunguzia nafasi, humkumbuka mtu yule na nikanyamaza.

Jambo jengine katika kitabu hicho linanigusa zaidi, kwa kuwa mimi ni fundi. Pembeni mwa kila picha limeandikwa jina la aliyeichora. Walikuwa wanane: Pantoleon, Georgios, Menas, Nestor, Michael wawili na Symeon wawili. Wachoraji wa zama zile kwa kawaida hawatajwi kabisa. Utajua jina la mfalme aliyelipa, la askofu aliyepokea, lakini aliyeinamisha mgongo miezi na miezi humjui. Hapa tunawajua, tena tunajua nani alichora ipi. Muombe ami yako akutafutie picha nyengine mbili tatu za kitabu hicho uziweke pamoja. Utaona milima imepandana kwa ngazi ngazi, nguo zina mikunjo iliyochongoka, na nyuma ya kila kitu kuna ile dhahabu, haina jua wala wingu.

Sasa tuje kwenye kisa. Wakristo wanahadithia kwamba vijana saba wa mji wa Ephesus, ambao magofu yake yako Uturuki ya leo, walimkimbia Mfalme Decius wa Roma aliyewalazimisha watu kuabudu masanamu. Decius alitawala mwaka 249 mpaka 251. Wakaingia pangoni, wakalala, mlango ukazibwa kwa mawe. Walipoamka alikuwa anatawala Theodosius wa Pili, aliyekuwa mfalme kuanzia 408 hadi 450, na watu wa wakati ule walikuwa wakibishana kama kweli wafu watafufuliwa. Mshairi wa Kisiria, Yakobo wa Serugh, aliyefariki mwaka 521, alikwisha kukitungia utenzi kisa hiki, na katika masimulizi mengine ya Kisiria vijana wanatajwa kuwa wanane.

Kilichoenea zaidi Ulaya ni maelezo ya Jacobus de Voragine, mtawa wa Kidominiko aliyekuja kuwa askofu mkuu wa Genoa. Karibu na mwaka 1260 alikusanya visa vya watakatifu katika kitabu kimoja kiitwacho "Legenda aurea", na watu walikipenda hata nakala zake zilizoandikwa kwa mkono zinazodumu mpaka leo zinapita 1,000. Humo kijana mmoja, Malchus, anatumwa mjini kununua mikate. Anafika kwenye lango la mji anaona msalaba umewekwa juu yake, anadhani anaota, anakwenda lango la pili, napo upo. Anatoa sarafu, muuza mikate anaigeuza mkononi, anaona sura ya mfalme wa kale, anamnong'oneza mwenzake: kijana huyu kaokota hazina. Wanamkamata kwa kosa la kuficha mali ya watu wa zamani.

Wewe uliyesoma Suratul Kahf kila Ijumaa unaijua sarafu hiyo. "Mtumeni mmoja wenu na fedha yenu hii aende mjini." Unajua pia kwamba Qur'ani inataja ubishi wa watu juu ya idadi yao, watatu na wa nne mbwa wao, watano na wa sita mbwa wao, saba na wa nane mbwa wao, kisha ikasema Mola ndiye ajuaye. Mbwa aliyenyoosha miguu kizingitini hayumo katika kisa cha Jacobus. Miaka nayo ina maneno. Qur'ani imetaja mia tatu na kuongeza tisa. Jacobus ameikuta katika vitabu vya kabla yake hesabu inayopita mia tatu, kisha akapiga hesabu za wafalme mwenyewe akaona hazikutani, akaandika wazi kwamba ana shaka nayo. Mtawa mzima, katika kitabu cha miujiza, anasimama kuhesabu miaka! Nampenda kwa hilo.

Kalenda usiitupe mwaka ukimalizika. Ukate ule ukurasa kwa wembe, si kwa kuuchana, uuweke baina ya karatasi mbili nyeupe mahali pakavu.

*

Maalim, mimi naandika khati: kadi za harusi, aya za kutundika ukutani. Dhahabu ya chupa ninayonunua dukani inang'aa mwezi wa mwanzo, baada ya mwaka inakuwa kama maji ya matope. Umesema vitabu vya wale watu vina miaka mia tano, mia nane, na dhahabu ingaliko. Walitia nini? Na hiyo ngozi waliifanyaje hata ikaandikika? (Binti wa Chake Chake)

Binti yangu, dhahabu ya chupa si dhahabu. Ni unga wa shaba na zinki uliochanganywa na gundi, na shaba ikipata unyevu wa pwani yetu hugeuka. Wale walitia dhahabu yenyewe. Mfua dhahabu alichukua sarafu akaigonga kwa nyundo mpaka ikawa jani jembamba ambalo ukilipulizia linaruka. Dhahabu haili kutu, ndiyo sababu ingaliko.

Lakini tuanze na ngozi. Ya ndama, ya kondoo au ya mbuzi. Huloweshwa siku kadhaa katika maji ya chokaa mpaka nywele zilegee, kisha hupalwa. Baadaye huwambwa kwenye fremu ya mbao kwa kamba pande zote, ikakazwa kama ya ngoma, na ikiwa bado mbichi hupalwa tena kwa kisu kilichopinda mfano wa mwezi mwandamo. Fundi anapala, anakaza kamba, anapala, anakaza. Kisu kikiteleza kikatoboa tundu dogo, tundu hilo litapanuka kadiri ngozi inavyovutwa, likawa duara. Katika vitabu vingi matundu hayo yameachwa, na mwandishi ameyapita pembeni kwa maneno yake. Nikipewa kitabu cha ngozi nikishike, kitu cha kwanza ningefanya ni kuugeuza ukurasa kwenye mwanga. Upande uliokuwa na nywele una rangi ya manjano kidogo na vitone vya vinyweleo. Upande wa nyama ni mweupe na laini. Waandishi walipanga kurasa ili weupe uangaliane na weupe, manjano na manjano.

Wino mweusi ulipikwa kwa vinundu vinavyoota kwenye miti ya mwaloni mdudu akitaga mayai humo, vikachanganywa na chumvi ya chuma na gundi ya mgunga. Wino huo unauma. Unaingia ndani ya ngozi, haufutiki kwa kidole, na ukizidishwa makali unaweza kuula ukurasa mpaka herufi zikatoboka. Kalamu ilikuwa unyoya wa bata bukini, wakati sisi tulichonga mwanzi.

Sasa dhahabu yako. Mwandishi alimaliza kwanza, akaacha nafasi tupu kwa ajili ya picha. Mara nyengine pembeni kuna maelekezo madogo kwa mchoraji, achore nani na yuko wapi. Mchoraji akachora mistari, halafu mahali pa dhahabu akapaka ute mzito wa plasta laini, gundi na kitu kitamu kidogo kama asali au sukari, na mara nyingi udongo mwekundu ili dhahabu ipate joto kwa chini. Ute huo ukikauka unakuwa kijilima. Utamu ule ndio siri: ukihemea juu yake kwa kinywa, unyevu wa pumzi unaamsha unata, na hapo hapo jani la dhahabu linawekwa na kubanwa. Baadaye linasuguliwa kwa jiwe laini la akiki, au kwa jino la mbwa lililofungwa kwenye kipini, mpaka ling'ae kama lilivyo. Kwa vile limekaa juu ya kijilima, ukurasa ukiugeuza mwanga unakimbia juu yake. Hilo kwenye picha ya simu hulioni, na ndilo lililowafanya watu wa wakati ule, wakisoma kwa mshumaa, waone ukurasa unacheza.

Dhahabu hutiwa kabla ya rangi, usilisahau hilo ukija kujaribu. Jani linanata kila penye unyevu, na kusugua kunaharibu rangi ya jirani.

Rangi zenyewe nyengine unazijua kwa majina ya bibi zako. Nyekundu kali ni zinjifuri, zebaki na kiberiti. Kijani ilitoka kwenye kutu ya shaba iliyofukizwa kwa siki. Buluu ya bei ya juu kuliko zote ilikuwa jiwe la lapisi lazuli, na jiwe hilo lilichimbwa Badakhshan, milima ya Afghanistan. Kulisaga peke yake hakutoshi, linakuwa kijivu. Cennino Cennini, mchoraji wa Italia aliyeandika kitabu cha ufundi karibu na mwaka 1400, anaeleza kwamba unga wake unakandwa ndani ya donge la nta, utomvu wa msonobari na mastiki, kisha donge linakamuliwa ndani ya maji ya majivu, na buluu safi inatoka yenyewe na kutua chini huku uchafu ukibaki kwenye donge.

Hapa nataka nikupe habari moja, binti, kwa kuwa wewe ni mwanamke mwenye kalamu. Katika makaburi ya nyumba ya watawa wa kike mahali paitwapo Dalheim, Ujerumani, wataalamu walichunguza ukoga uliogandamana kwenye meno ya mwanamke mmoja aliyekufa baina ya mwaka 1000 na 1200 hivi, akiwa na umri wa miaka 45 mpaka 60. Ndani ya ukoga wakakuta chembe za buluu, zaidi ya mia. Zilikuwa lapisi lazuli. Walitangaza mwaka 2019. Maelezo waliyoyaona yana nguvu zaidi ni kwamba alikuwa mchoraji wa vitabu, na kila mara alikuwa akiichonga ncha ya brashi kwa midomo yake. Hakuna jina lake popote, hakuna kitabu kilichotiwa saini yake, na kwa muda mrefu watu walisema kazi hizi ni za wanaume watawa. Meno yake ndiyo yaliyotoa ushahidi.

Ukitaka kujaribu dhahabu ya kweli, anza na herufi moja tu, ya alif iliyosimama, juu ya karatasi nzito. Na brashi usiitie mdomoni, zinjifuri ni sumu.

*

Bwana Mwandishi, mimi hufundisha watoto dini Jumapili. Nilipata picha ya ukurasa wa zamani yenye mwanamke aliyevaa taji, mkononi ana upanga na pembeni yake gurudumu lenye miiba. Maandishi ni ya Kilatini, siyasomi. Ni nani? Na nitawajuaje wengine bila kusoma? (Mama wa Mbweni)

Ni Katarina wa Alexandria, Bibi, hapo Misri. Wanasema alijadiliana na wanafalsafa 50 wa mfalme akawashinda wote, mfalme akaamuru apondwe kwa magurudumu ya miiba, magurudumu yakavunjika, mwisho akakatwa kichwa kwa upanga. Taji ni kwa sababu alikuwa binti wa mfalme. Wakati mwengine amepewa na kitabu, kwa elimu yake. Kisa kinasema malaika waliuchukua mwili wake mpaka mlima Sinai, na monasteri iliyopo chini ya mlima huo, iliyojengwa kwa amri ya Mfalme Justinian karne ya 6, leo inaitwa kwa jina lake. Ndani ya kuta zake mna kanisa, mna msikiti, na mna maktaba ya miswada ambayo ni miongoni mwa kubwa na kongwe duniani.

Swali lako la pili ni zuri sana, na jibu lake ni fupi: usitazame uso, tazama mikono. Wachoraji hawakujua sura za watu waliokufa miaka 900 kabla yao, hivyo nyuso zinafanana. Wanachotofautiana ni wanachoshika, na mara nyingi ni chombo kilichowatesa. Lorenzo ana chanja la kuchomea, kwani alibanikwa. Bartholomayo ana kisu, au ameshika ngozi yake mwenyewe. Apolonia ana koleo lenye jino, Lusia ana macho mawili kwenye sahani, Agnes ana mwanakondoo, Barbara ana mnara. Denis wa Paris amesimama ameshika kichwa chake mwenyewe mikononi, na watoto wako nina hakika watakipenda hicho kuliko vyote. Petro ana funguo. Yosefu, ambaye kanisa letu la Minara Miwili limewekwa kwa jina lake, atakuwa na ua la yungiyungi au vyombo vya useremala.

Nadhani wengi wetu tunaziona picha hizi kama ukatili: damu, moto, koleo. Mimi naona vyengine. Tazama sura ya Lorenzo juu ya moto au Katarina mbele ya upanga, utakuta ametulia. Anayekunja uso ni mtesaji. Mchoraji anampa mtakatifu chombo cha mateso kama vile askari anavyopewa nishani. Watoto waonyeshe hilo, waambie watafute nani katika ukurasa ana hofu.

*

Maalim, sisi watu wa bahari tunao mtakatifu wetu katika vitabu hivyo? (Mvuvi, Mkoani)

Yupo Nikolaus, ambaye mabaharia wa Ulaya walimlilia dhoruba ikija. Lakini mimi nitakupa mwengine, kwa sababu alikuwa mtu wa visiwa kama sisi.

Cuthbert aliishi Lindisfarne, kaskazini ya Uingereza, kisiwa ambacho maji yakitoka unakwenda kwa miguu na maji yakijaa unasubiri. Kisha akaona hata hapo pana watu wengi, akahamia kisiwa cha Inner Farne, kidogo zaidi, chenye ndege na mawimbi tu, na huko akafa mwaka 687. Maisha yake yaliandikwa na Bede, mtawa na mwanahistoria wa Uingereza, na baadaye sana, mwisho wa karne ya 12, watawa wa Durham wakatengeneza nakala ndogo yenye picha 46 zinazojaza ukurasa. Iko London, katika Maktaba ya Uingereza.

Kuna picha moja humo ambayo nikiulizwa nichague moja tu katika vitabu vyote hivi, nitaichagua hiyo. Kisa chake: Cuthbert alikuwa na mazoea ya kutoka usiku, na mtawa mmoja akamfuata kwa siri. Akamwona anaingia baharini mpaka maji yakamfika shingoni, akasali humo usiku kucha. Alfajiri alipotoka, fisi maji wawili wakamfuata mchangani, wakamhemea miguu kuitia joto na kuikausha kwa manyoya yao. Akawabariki, wakarudi majini. Mchoraji amemweka Cuthbert mara mbili katika picha hiyo hiyo: mara moja majini anasali, mara ya pili nchi kavu amekaa na fisi maji miguuni. Asiyezoea atadhani ni watu wawili. Ndivyo walivyosimulia, wakati wa mwanzo na wakati wa pili katika fremu moja, na macho yako ndiyo yanayotembea. Na mtawa mdukizi yupo, anachungulia.

Wewe uliyeingia maji ya usiku Kusi likivuma unajua baridi hiyo. Mchoraji wa Durham naye aliijua, bahari yao ni kali kuliko yetu.

*

Umekaa miaka na misahafu, sasa unasifu vitabu vilivyojaa sura za watu. Inakuwaje? (Msomaji, Mji Mkongwe)

Ndugu yangu, nimelichukua swali lako kwa uzito uliokuja nao.

Msahafu hautiwi sura, na mimi sijapata kutamani vyenginevyo. Ile misahafu ya Siyu, kisiwani Pate, yenye nakshi za nyekundu, nyeusi na manjano pembeni mwa sura na juzuu, inanitosha mpaka kesho. Nikiifungua kwa kuitengeneza huwa nakaa nayo kwanza kabla ya kugusa uzi. Jambo la picha limewashughulisha hata Wakristo wenyewe. Constantinople ile ile palikuwa na wafalme waliozikataza picha za ibada, zikang'olewa na kuchomwa, kuanzia karne ya 8, zikaruhusiwa mwaka 787, zikakatazwa tena 815 mpaka 843. Watu waliteswa kwa ajili hiyo. Kitabu cha Mfalme Basil chenye picha 430 kilikuja zaidi ya miaka 150 baada ya ugomvi huo kwisha. Na aliyezitetea picha kwa hoja nzito kuliko wote alikuwa Yohana wa Dameski, mtu ambaye jamaa zake walikuwa makarani wa hazina ya Makhalifa wa Bani Umayya. Aliandika maneno yale akiwa katika nchi ya Kiislamu, mahali ambapo mkono wa mfalme wa Rum haukumfikia.

Halafu kuna Bilawhar na Yudasaf. Hiki ni kisa cha mtoto wa mfalme wa Hindi aliyefungiwa kasrini ili asione maradhi, uzee wala kifo, akatoka siku moja akaviona, akaja mtu mcha Mungu akamfundisha kuiacha dunia. Asili yake ni maisha ya Buddha. Kiliandikwa kwa Kiarabu, kikatoka kwenye Kiarabu kikaingia Kijojia (lugha ya nchi ya Georgia), kikaingia Kigiriki, kikaingia Kilatini, na kufika kwa Jacobus wa Genoa kikawa na sura yake miongoni mwa visa vya watakatifu, Barlaam na Josaphat. Wamonaki wa Ulaya walikichora. Kwa hiyo katika kitabu cha Kikristo kuna kisa cha Kibudha kilichopitia wino wa Kiarabu, na ukurasa mwengine kuna vijana wa pangoni.

Mimi sivisomi vitabu hivi kutafuta dini, ninayo. Navisoma kwa sababu ngozi ilipalwa vizuri, kwa sababu Pantoleon aliandikwa jina lake, na kwa sababu mwanamke wa Dalheim alitia buluu ya Badakhshan mdomoni mwake maisha yake yote. Kazi ya mkono nikiiona nzuri siwezi kujifanya sikuiona.

*

Wapi naweza kuviona bila kwenda Ulaya? (Wengi wameuliza)

Kitabu cha Mfalme Basil kimewekwa chote kwenye intaneti na maktaba ya Vatican, ukurasa kwa ukurasa, bure. Tafuta kwa namba ile aliyoiandika kijana wa Wete. Kiangalieni kwenye kompyuta ya skuli badala ya simu, na mkuze picha mpaka muone michirizi ya brashi kwenye ndevu.

Kwa miswada ya mkono ya hapa kwetu, ya Kiarabu na ya Kiswahili kilichoandikwa kwa herufi za Kiarabu, nendeni Nyaraka, Kilimani. Haina picha za watakatifu, lakini wino, karatasi, nyuzi na majalada mtavikuta, na mtu aliyeshika kimoja kwa mikono yake anavielewa vile vya mbali kwa haraka zaidi. Mkienda, nawani mikono kwa sabuni mkaikaushe vizuri, msipake mafuta wala udi siku hiyo, na kalamu ya wino iacheni mlangoni, chukueni ya risasi.

Barua za mwezi ujao ningependa zihusu gundi. Kuna watu wananiuliza kwa simu kuhusu kutia mrututu katika uji wa ngano ili mende wasile jalada, na simu si mahali pa kueleza vipimo.